Mistari ikipinda, usingoje jicho liive



Juma hili nilikuwa nimeandaa mada nyingine kabisa, lakini barua kutoka Likoni imenifanya niiweke kando. Aliyeniandikia ni msichana wa shule ya upili anayeishi na babu yake upande wa Mtongwe. Mzee huyo ana umri wa miaka 71, na alistaafu kazi ya bandarini Kilindini. Kila alasiri huketi barazani na gazeti lake, na majirani humjia awasomee yaliyotokea. Tangu mwezi uliopita gazeti linanunuliwa kama kawaida, ila babu halifungui.

"Alianza kwa kusema mlango umepinda," ameandika msichana. "Tulidhani anatania. Kisha akasema nguzo ya stima iliyo mbele ya nyumba ina tumbo. Sasa nikisimama mbele yake anaiona leso niliyojifunga, anaiona na miguu yangu, lakini usoni anasema nimefunikwa na moshi. Shangazi anasema ni mtoto wa jicho, tungoje jicho liive ndipo apasuliwe. Je, tungoje?"

Jibu langu, mdogo wangu, ni fupi. Msingoje. Mpelekeni babu hospitali kesho Jumatatu.

Maelezo ya jibu hilo ni marefu kidogo, nami nayaandika kwa faida ya wengine pia. Kule Kisauni, Changamwe na Likoni yenyewe kuna wazee wengi wanaosema mlango umepinda, na jamaa zao huwajibu, "Ni uzee tu huo."

BOMBA CHINI YA SAKAFU

Nyuma ya jicho, kwa ndani, kumetandazwa utando mwembamba uitwao retina. Unene wake haufiki nusu milimita. Mwanga ukiingia kupitia mboni huangukia hapo, nayo retina huugeuza kuwa habari zinazopelekwa kwenye ubongo. Katikati ya retina kuna sehemu ndogo ambayo madaktari huiita makula. Usicheke, haihusiani na chakula. Hiyo ndiyo sehemu tunayoitumia kusoma, kutunga uzi kwenye sindano, kutofautisha noti ya shilingi mia na ya mia mbili, na kuitambua sura ya mtu. Sehemu iliyobaki ya retina hutuonyesha ya pembeni: gari linalokuja, kiti kilicho njiani, mtu anayepita.

Chini ya retina kuna tabaka la mishipa ya damu inayoilisha. Kati ya hivyo viwili kuna kiambaza chembamba. Mtu akizeeka, taka hurundikana kwenye kiambaza hicho nacho hudhoofika. Kwa wazee wengi wenye hali hiyo mambo husonga polepole sana, kwa miaka. Lakini kwa wengine jicho hutoa kwa wingi protini iitwayo VEGF kwa kifupi, ambayo kazi yake ni kuamrisha mishipa mipya ya damu iote. Mishipa hiyo huchipuka, hutoboa kiambaza na kutambaa chini ya retina, mahali ambapo haikukusudiwa kuwa.

Ewe mkazi wa bara ya Mombasa, habari za mabomba unazijua kuliko mimi. Mtu mwenye haraka ya maji huchimba mtaro mfupi, akaunga kibomba cha plastiki kwenye bomba kubwa, kisha akafukia. Maji yatatoka, lakini kibomba ni dhaifu na viungo vyake havikukazwa. Siku si nyingi kitaanza kuvuja. Kama kimepitishwa chini ya nyumba, sakafu iliyokuwa imenyooka itafura na saruji itapasuka.

Ndivyo ilivyo kwa mishipa hii mipya. Kuta zake ni dhaifu, nayo huvuja maji na damu. Retina iliyo juu yake huinuka kama sakafu ile. Picha ya kitu kilichonyooka ikiangukia kwenye retina iliyofura, mtu hukiona kimepinda. Kwa hiyo babu hatanii. Mlango umenyooka, kilichopinda ni ukuta wa ndani ya jicho ambao picha ya mlango huangukia.

Mvujo huo usipozuiwa, mwishowe pale mahali huota kovu. Kovu halioni, wala hakuna dawa inayoligeuza kuwa retina tena. Ndiyo maana nimekwambia kesho. Ugonjwa huu huhesabiwa kwa majuma, si kwa miaka.

KWA NINI TUNAKOSEA

Kosa la shangazi linaeleweka, kwa sababu mtoto wa jicho ndio ugonjwa wa macho tuliouzoea. Katika mtoto wa jicho, lenzi iliyo mbele ya jicho huingia ukungu. Mgonjwa huona kila kitu kimefifia, katikati na pembeni, kama anayetazama kupitia kioo cha matatu wakati wa mvua. Daktari huitoa lenzi hiyo na kuweka nyingine. Hata ukichelewa miezi kadhaa, kwa kawaida upasuaji bado utakusaidia. Tena siku hizi madaktari hawangoji jicho "liive". Lugha hiyo ni ya zamani.

Presha ya jicho nayo huanza kula pembeni, taratibu na bila maumivu, mpaka mtu akawa kama anayechungulia kwenye tundu. Ugonjwa wa makula ni kinyume chake. Hula katikati na kuacha pembeni. Mzee atapita ukumbini bila kujikwaa, kisha asimtambue mjukuu wake aliyesimama mbele yake. Watu humwona ni mwenye kiburi, au hudai anajifanya. "Mbona sarafu iliyoanguka ameiona?" Ameiona kwa pembeni.

Kwa muda mrefu wengi walidhani maradhi haya ni ya Wazungu na kwamba Mwafrika hayampati. Utafiti uliofanywa Nakuru mwaka 2007 na 2008, ukihusisha zaidi ya watu 4,000 wenye umri wa miaka 50 na kuendelea, ulionyesha mambo sivyo. Takriban watu 11 kati ya kila 100 walikuwa na dalili za mwanzo za uchakavu wa makula, na mtu 1 hivi kati ya 100 alikuwa amefikia hatua ya mwisho. Mmoja kati ya mia yaonekana kidogo. Lakini hesabu wazee wote wa mtaa wako, kisha wa Mombasa nzima, uone kama ni kidogo.

DAFTARI LA HESABU

Sasa, mwanafunzi unayesoma ukurasa huu, nina kazi kwako. Chukua lile daftari lako la hesabu lenye miraba. Fungua ukurasa ambao haujaandikwa, na katikati yake utie nukta nyeusi kwa kalamu, iwe nzito kiasi cha kuonekana. Mwite babu au nyanya mahali penye mwanga mzuri. Kama ana miwani ya kusomea, aivae. Mshikishe daftari umbali ule wa kusomea gazeti, kisha fuateni hatua hizi:

Kwanza, afunike jicho moja kwa kiganja bila kulifinya. Pili, aitazame nukta tu, asiyazungushe macho. Tatu, muulize polepole: Je, mistari yote imenyooka? Kuna mahali imepinda au imefanya mawimbi? Kuna miraba iliyopotea au iliyofunikwa na doa? Nne, afunike jicho lile jingine na mrudie yote tangu mwanzo.

Usiruke hatua ya kufunika jicho. Tukiwa na macho mawili, lililo zima humfichia mwenzake aibu. Mtu anaweza kukaa na jicho bovu kwa muda mrefu asijue, mpaka siku ambayo vumbi limemwingia katika lile zima.

Kipimo hiki si changu. Daktari wa macho wa Uswisi aitwaye Marc Amsler ndiye aliyekieneza katika miaka ya 1940, na hadi leo ukurasa wake wa miraba hutumika katika kliniki za macho duniani. Kwa mzee ambaye ameshaambiwa ana dalili za mwanzo, kipimo kifanywe kila juma, siku ile ile, ili mabadiliko yagunduliwe mapema.

Hata hivyo nakuonya mara mbili. Mistari ikionekana imenyooka, hiyo si hati ya kwamba macho hayana ugonjwa, kwa kuwa presha ya jicho haionekani kwenye daftari. Na mistari ikipinda, usimtangazie babu jina la ugonjwa. Makula huweza kufura kwa sababu ya kisukari, au ikapata tundu, na kuna mambo mengine pia. Kazi yako ni kuona kwamba imepinda. Kusema kwa nini imepinda ni kazi ya daktari.

SINDANO YA JICHO

Naam, najua neno hilo linatisha. Lakini kwanza sikiliza lilikotoka.

Zamani madaktari walikuwa na mionzi ya leza pekee. Waliichoma mishipa mibaya na pamoja nayo wakachoma retina iliyokuwa juu yake. Walizuia hasara kubwa kwa kulipa hasara ndogo. Mnamo 1989 mwanasayansi Napoleone Ferrara, mzaliwa wa Italia aliyekuwa akifanya kazi na kampuni ya Genentech huko Marekani, pamoja na wenzake, walitangaza kuitambua protini ya VEGF. Mwaka 2004 dawa ya kuizuia, Avastin, iliidhinishwa Marekani kwa ajili ya saratani ya utumbo mpana, maana uvimbe nao huhitaji mishipa mipya ili ukue. Mwaka uliofuata Philip Rosenfeld, daktari wa macho wa Miami, alijaribu kuidunga kidogo sana ndani ya jicho la mgonjwa wa makula, na uvimbe ukashuka.

Mwaka 2006 iliidhinishwa dawa ya ukoo huo huo iliyotengenezwa kwa ajili ya jicho, Lucentis. Katika utafiti uliochapishwa mwaka huo, takriban wagonjwa 95 kati ya 100 waliodungwa kila mwezi walikuwa, baada ya mwaka mmoja, hawajapoteza mistari mitatu ya ule ubao wa herufi. Miongoni mwa wasiopewa dawa walikuwa 62 tu. Tena baadhi ya waliodungwa, kati ya robo na thuluthi yao, waliona vizuri zaidi kuliko walivyokuja.

Tatizo lilikuwa bei. Lakini mwaka 2011 utafiti mwingine mkubwa wa Marekani ulizilinganisha dawa hizo mbili na kuona kwamba Avastin hulinda macho sawa na mwenzake. Chupa moja ya Avastin, ikigawanywa mahali safi na watu wanaojua kazi yao, hutoa dozi nyingi ndogo za macho, na hivyo gharama hushuka sana. Mwaka 2013 Shirika la Afya Duniani liliiingiza dawa hiyo kwenye orodha yake ya dawa muhimu, kwa matumizi haya ya jicho.

Inadungwaje? Jicho hutiwa matone ya ganzi, husafishwa kwa dawa ya kuua viini, kisha sindano nyembamba mno hupitishwa kwenye weupe wa jicho, si kwenye mboni. Sindano yenyewe huchukua sekunde chache. Wagonjwa wengi husema walihisi msukumo kidogo, na kwamba hofu ya jana yake ndiyo iliyowaumiza zaidi. Ila baada ya kurudi nyumbani, jicho likiuma sana, likiwa jekundu zaidi, au uoni ukishuka, mgonjwa arudi hospitali siku hiyo hiyo. Huenda ni viini vimeingia, nalo si jambo la kulala nalo.

Jambo moja jamaa walijue tangu mwanzo: sindano moja haitoshi. Aghalabu huanza kila mwezi kwa miezi mitatu, kisha daktari hupanga nafasi kulingana na jicho linavyoitikia. Dawa hii haing'oi mishipa ile, bali huifunga mdomo. Wengi huja mara mbili, wakaona nafuu, wakaacha. Mvujo hurudi nao huja na kovu. Kwa hiyo kabla ya sindano ya kwanza, kaeni kikao kama mnavyokaa kwa ajili ya harusi. Nani atamsindikiza mzee mwezi huu? Nani mwezi ujao? Nauli ya matatu na tuktuk itatoka wapi? Kuvuka feri ya Likoni pamoja na mzee asiyeona vizuri, katika msukumano wa asubuhi, ni kazi ya mtu mzima.

MWANZIE WAPI

Anzeni na hospitali ya serikali iliyo karibu: Likoni kwa wa Likoni, Port Reitz kwa wa Changamwe, na kwa wa Kisauni kituo cha afya cha mtaani. Semeni wazi: "Mistari iliyonyooka anaiona imepinda, na ilianza majuma kadhaa yaliyopita." Maneno "haoni vizuri" yatamweka kwenye foleni ya miwani. Ombeni barua ya rufaa kwenda kliniki ya macho ya Hospitali Kuu ya Pwani, ambayo wengi huiita Coast General. Kisiwani pia kuna hospitali ya macho ya Lighthouse for Christ. Upande wa kusini kuna Kituo cha Macho cha Kwale, ambacho mtu wa Likoni hukifikia bila kuvuka feri.

Popote mtakapokwenda, ulizeni maswali matatu. Je, leo kuna daktari anayeshughulikia retina? Je, mna mashine ya kupiga picha tabaka za retina? Na sindano ikihitajika, itapatikana hapa au tutatumwa Nairobi? Ulizeni pia bima ya SHA italipia kiasi gani. Swali la barazani kwa daktari huokoa safari tatu.

Msitie chochote jichoni mkingoja: si asali, si maji ya ndimu, si majani yaliyopondwa. Ugonjwa uko nyuma ya jicho, na vitu hivyo huunguza mbele.

VIJANA NANYI MSIKIE

Adui mkubwa wa makula ambaye tuna uwezo wa kumfukuza ni sigara. Umri hatuwezi kuurudisha nyuma, lakini sigara yaweza kuzimwa leo. Presha ya damu idhibitiwe. Mchicha, sukuma wiki na samaki visikosekane, na kwa bahati njema Mpwani hahitaji kufundishwa kula samaki. Vidonge vya vitamini vya macho vina nafasi yake kwa baadhi ya wagonjwa, lakini visinunuliwe kabla ya daktari kusema.

Mwenye kisukari ana hatari yake ya pekee, hata akiwa na umri wa miaka 35. Kwake yeye mishipa mipya huota juu ya retina badala ya chini yake, na huweza kupasuka ghafla ikajaza jicho damu. Apimwe nyuma ya jicho kila mwaka, hata kama anaona vizuri. Kijana mwenye miwani minene ya kuonea mbali naye akiona mistari imepinda asingoje, kwa kuwa mishipa hii huweza kuota hata katika macho kama yake.

BABU HAJAPANDWA NA JINI

Nimalizie na jambo ambalo familia nyingi hulificha. Mzee aliyepoteza uoni wa katikati huweza kuona vitu visivyokuwapo: watoto wadogo uani, maua ukutani, watu waliovaa mavazi ya kigeni. Havisemi chochote, na mzee mwenyewe huenda anajua si vya kweli. Jamaa wakisikia hivyo hukimbilia kwa mganga kutoa majini, au humnong'ona kwamba akili imeruka. La hasha. Charles Bonnet, msomi wa Uswisi, aliyaeleza haya mwaka 1760 baada ya kumsikiliza babu yake mwenyewe, na hali hiyo imepewa jina lake. Ubongo ulionyimwa picha hujichorea zake. Mwambieni daktari, na mwambieni mzee kwamba hana wazimu. Mara nyingi maneno hayo peke yake humtuliza.

Na hata jicho likishindikana, ugonjwa huu kwa kawaida haumwachi mtu gizani kabisa, kwa kuwa pembeni hubaki. Mwekeeni taa kali karibu na kiti chake, kioo cha kukuza maandishi, na msihamishe vyombo bila kumwambia. Likoni, ambako kuna shule ya wasioona, hakuna anayehitaji kuelezwa kwamba maisha yanaendelea. Mkimwamkia, tajeni majina: "Shikamoo babu, ni mimi fulani." Msimwachie kubahatisha kwa sauti.

Mdogo wangu wa Mtongwe, umefanya vyema kuandika. Mwonyeshe shangazi ukurasa huu, kwa upole, maana naye alisema alilolijua. Leo jioni fungua daftari lako la hesabu, umpime babu jicho moja moja, uandike atakachokwambia. Kesho mshike mkono, mwende, na daftari hilo ulichukue umwonyeshe daktari.

Hadi Jumapili ijayo, tukijaliwa.